Aliyetaka Kumjua Mharibifu kwa Jina: Maisha ya Profesa Thomas Odhiambo

Masomo: Mithali 6:6-8, Mithali 30:24-28, Yoeli 1:4, 1 Wafalme 4:33

Wiki hii tunakuletea maisha ya mtu ambaye hakusimama kwenye mimbari wala hakuongoza mkutano wa injili. Alikuwa mwanasayansi. Kazi yake ilikuwa wadudu, wale wale tunaowakanyaga tukienda shambani na kuwapiga na kandambili wakiingia nyumbani. Tunamwandika kwa sababu sisi wa Thika na Ruiru ni watu wa shamba, hata wale tunaofanya kazi viwandani. Kila mmoja wetu ana kahawa mahali, au mahindi, au ng'ombe wawili kule nyumbani. Na kila Jumapili wakati wa matoleo tunasimama na Malaki 3:11 mkononi tukimkemea mharibifu. Ni vizuri. Lakini je, tumewahi kuuliza huyo mharibifu wa shambani ni nani, anakula nini, analala wapi, na adui yake ni nani?

Thomas Risley Odhiambo aliuliza hivyo maisha yake yote.

Duduville iko njiani kwetu

Ukipanda matatu Ruiru ukielekea Nairobi, ukishapita Githurai unafika Kasarani. Upande huo kuna mahali panaitwa Duduville, yaani mji wa wadudu. Wengi wetu hupita kila asubuhi bila kugeuza shingo. Hapo ndipo makao makuu ya ICIPE, kituo cha kimataifa cha utafiti wa wadudu, kinachojulikana na wataalamu wa dunia nzima. Kuna wasomi wanaovuka bahari kuja kusoma hapo, na sisi tunapapita tukiwahi kazi tauni. Mwanzilishi wake ni Mwafrika, Mkenya, mzee wetu Odhiambo.

Kabla hatujaingia katika maisha yake, hebu tukumbuke jambo lililotokea hapa kwetu alipokuwa bado mtoto. Litatusaidia kuelewa kwa nini kazi yake ilikuwa ya maana.

Mdudu mweupe wa Thika

Mwanzoni mwa miaka ya 1920 mashamba ya kahawa ya Thika yalivamiwa na mdudu mdogo mwenye unga mweupe mwilini, kama pamba. Hukaa kwa makundi juu ya vitawi na maua, akifyonza maji ya mti. Mti unadhoofika na buni hazishiki. Kufikia mwisho wa miaka hiyo alikuwa amesambaa sehemu kubwa ya nyanda za juu za kahawa. Chungu walimlinda, maana hutoa majimaji matamu ambayo chungu wanayapenda. Wakulima walipaka mashina ya kahawa kitu cha kunata ili chungu wasipande. Kazi ilikuwa kubwa, hasara nayo haikuisha.

Wataalamu wa serikali ya kikoloni walijua kwamba kila mdudu ana adui wake wa asili. Wakaanza kutafuta adui wa huyu. Lakini walikuwa wamekosea jina lake. Walidhani ni mdudu fulani anayejulikana Asia, kwa hiyo walitafuta dawa mbali, ng'ambo ya bahari. Wadudu waliokuja kutoka huko hawakufua dafu. Miaka ikapita. Baadaye alipochunguzwa vizuri zaidi ikajulikana kwamba si yule waliyemdhania. Ni aina nyingine kabisa, na kwao ni hapa hapa Afrika Mashariki. Wakamkuta Uganda, na huko hakuwa tatizo, kwa maana kulikuwa na nyigu wadogo mno wanaotaga mayai ndani ya mwili wake na kummaliza. Mwaka 1938 nyigu hao wakaletwa Kenya. Wakaachiliwa kwenye kahawa, na ule mdudu mweupe akashuka.

Tafakari, mpendwa. Miaka zaidi ya kumi ya hasara, pesa nyingi, safari za mbali, na jibu lilikuwa kwa jirani. Kilichochelewesha msaada ni kutomjua adui kwa jina lake halisi. Mwaka huo wa 1938 Odhiambo alikuwa mtoto wa miaka saba.

Kutoka Mombasa hadi Maseno na Makerere

Alizaliwa Mombasa tarehe 4 Februari 1931, katika jamii ya Waluo. Akasoma shule ya Maseno, ile iliyoanzishwa na wamishonari wa Kianglikana mwaka 1906 na iliyowalea viongozi wengi wa magharibi mwa Kenya. Kutoka hapo akaenda Makerere, Uganda. Siku hizo kijana wa Kenya aliyetaka elimu ya juu bila kuvuka bahari alielekea huko.

Baada ya masomo alifanya kazi katika idara ya kilimo ya Uganda. Hapo ndipo wadudu walipomshika kweli kweli. Aliwakusanya, akawapanga, akawatofautisha aina kwa aina, hasa jamii fulani ya wadudu wadogo wanaofyonza mimea. Ukiangalia kwa haraka wote wanafanana. Ukitumia lenzi na subira, utaona tofauti kwenye mguu, kwenye bawa, kwenye kinywa. Ni kazi isiyo na makofi. Hakuna anayekupigia vigelegele kwa kuhesabu nywele za mguu wa mdudu. Lakini hebu rudi kwa yule mweupe wa Thika: kama mtu angefanya kazi hiyo vizuri mapema, kahawa ya wazee wetu ingepona miaka kumi kabla.

Baadaye akapata nafasi ya kwenda Chuo Kikuu cha Cambridge, Uingereza. Mwalimu wake huko alikuwa Vincent Wigglesworth, ambaye wakati huo jina lake lilikuwa kubwa kuliko wote katika elimu ya mwili wa wadudu. Katika miaka ya 1930 Wigglesworth alikuwa ameonyesha kwamba nyuma ya ubongo wa mdudu kuna tezi ndogo sana zinazotoa homoni, yaani kemikali inayotembea mwilini ikipeleka amri. Homoni hiyo ndiyo inayomfanya mdudu mchanga abaki mchanga mpaka wakati wake wa kukomaa ufike.

Nzige aliyenenepa

Odhiambo akamchukua nzige wa jangwani. Hapa wengi wetu tunaweza kumfuata vizuri, maana mwisho wa 2019 na mwaka 2020 tuliona nzige hao wakiingia nchini kwa wingi ambao Kenya haikuuona kwa miaka sabini hivi. Nabii Yoeli alipohesabu waharibifu aliwataja tunutu, nzige, parare na madumadu, kila mmoja akila kilichosazwa na mwenzake. Wazee wa Biblia walijua kuwatofautisha.

Swali la Odhiambo lilikuwa hivi: zile tezi zinafanya nini ndani ya nzige dume aliyekwisha kukomaa? Aliziondoa kwa upasuaji mdogo, kazi ya mkono uliotulia sana, halafu akawaangalia siku baada ya siku. Akakuta mambo mawili. Kwanza, nzige asiye na tezi alijaza mafuta mwilini kuliko kawaida. Chakula kilikuwa kinaingia lakini hakitumiki. Pili, alipunguza mwendo. Nzige, mdudu anayejulikana kwa kutotulia, akawa anakaa tu. Ile homoni ndiyo iliyokuwa ikiwasha moto wa kutumia mafuta na kumsukuma atembee.

Mwaka 1965 alipata shahada yake ya uzamifu, na mwaka 1966 matokeo ya kazi hiyo yakachapishwa. Kwa msomaji wa kawaida inaweza kuonekana kama mchezo wa maabara. Lakini fikiria maana yake. Kama nguvu ya nzige inategemea tone la kemikali, basi ana mahali pa kushikwa. Haina haja kuua kila kiumbe shambani ili kumshinda mmoja. Inatosha kujua kufuli yake na kutafuta ufunguo.

Arudi nyumbani

Mtu mwenye shahada ya Cambridge mwaka 1965 angeweza kukaa huko. Odhiambo akarudi Nairobi kufundisha katika chuo kikuu. Kenya ilikuwa na uhuru wa miaka miwili tu. Baadaye akawa profesa wa kwanza wa elimu ya wadudu hapo na mkuu wa kwanza wa kitivo cha kilimo.

Mwaka 1967 aliandika makala katika jarida la *Science* la Marekani kuhusu sayansi na maendeleo ya Afrika Mashariki. Hoja yake ilikuwa wazi. Afrika haitatoka kwenye njaa kwa kukopa majibu yaliyotafutwa kwingine kwa matatizo ya kwingine. Ni lazima Waafrika wafanye utafiti wao wenyewe, wa kiwango cha juu kabisa. Na kwa kuwa nchi zetu zilikuwa na wataalamu wachache, akapendekeza vijengwe vituo vichache vilivyo bora, ambapo wasomi wa dunia na vijana wa Afrika watakaa meza moja.

Pia aliona jambo ambalo wengi hawakuliona. Wadudu wanaotutesa sana, kama mbung'o, mchwa, viwavi jeshi, kupe na mbu, wako hapa. Kama kuna mahali duniani pa kuwachunguza, si Ulaya penye theluji. Ni hapa. Kile ambacho wengine walikiita laana ya nchi za joto, yeye alikiona kama darasa ambalo Mungu ameliweka mlangoni petu.

Kituo chaanza

Kulikuwa na wasomi wa nje waliomuunga mkono, akiwemo Carl Djerassi, mwanakemia mashuhuri wa Marekani, na akademia za sayansi za nchi kadhaa. Mwaka 1970 ICIPE ikazaliwa. Usifikirie Duduville ya leo. Walianza katika majengo ya muda huko Chiromo, Nairobi. Maprofesa wakubwa wa ng'ambo walikuja kwa vipindi kuelekeza utafiti, na wataalamu vijana wakakaa hapa wakifanya kazi ya kila siku.

Kwa nini wanakemia katika kituo cha wadudu? Kwa sababu wadudu huongea kwa kemikali. Siafu anamfuata mwenzake kwa harufu. Nondo dume anamtafuta jike gizani kwa harufu. Mchwa anajua huyu ni wa kichuguu chetu na yule ni mgeni kwa harufu. Ukiielewa lugha hiyo unaweza kumwita mdudu aje kwenye mtego, au kumwambia aondoke shambani. Miaka ya baadaye wanakemia wa kituo hicho walionyesha kwamba harufu ya nzige dume waliokomaa, ikinyunyiziwa tunutu, huwavuruga. Lile jeshi linalotembea kwa safu linavunjika, kila mmoja anakwenda njia yake. Mithali 30 inasema habari za nzige kwamba hawana mfalme na bado hutoka kwa vikosi. Basi hao wanakemia waligusa kile kinachowashika pamoja.

Chukua pia mbung'o, anayeleta ugonjwa wa malale kwa watu na nagana kwa ng'ombe. Nzi wengine hutaga mayai mengi sana. Mbung'o sivyo. Jike humlea mtoto mmoja tu kwa wakati ndani ya tumbo lake, akimlisha aina ya maziwa, mpaka anapomzaa akiwa funza mkubwa. Kwa hiyo anazaa polepole. Huo ni udhaifu wake. Ukiwanasa majike kidogo kidogo kila siku bila kuacha, idadi inaporomoka. Katika miaka ya 1980 watafiti wa ICIPE walikwenda Nguruman, Kajiado, wakatengeneza pamoja na wafugaji Wamasai mtego wa kitambaa cha buluu na cheusi. Chambo chake? Kemikali ya asetoni na mkojo wa ng'ombe. Hakuna ndege ya kumwaga sumu, hakuna mashine ya mamilioni. Kitambaa, sindano, na mkojo unaomwagika bure bomani.

Gharama yake

Usidhani njia ilikuwa lami tupu. Kituo kama hicho hula pesa, na pesa ilikuwa ya wafadhili. Kwa miaka 24 mzee huyu aliongoza kituo huku akibisha milango ya mataifa na mashirika. Wapo waliouliza, na swali lao halikuwa la kipumbavu: nchi yenye njaa itafuteje homoni za nzige? Si afadhali kununua dawa za kupulizia na kuwapa wakulima?

Jibu lake lilikuwa kazi. Alikubali kwamba maabara isiyofika shambani haijamaliza safari, na kituo kikajenga tawi Mbita, kando ya Ziwa Victoria, katikati ya wakulima wadogo wa mahindi na mtama. Lakini hakukubali kwamba Mwafrika anastahili tu mabaki ya maarifa ya wengine. Kwake kumnunulia mtu dawa bila kumpa elimu ni kumfanya mteja wa milele.

Na sisi wa huku tunajua habari ya dawa. Tunajua pampu ya mgongoni. Dawa inayoua kila kitu humuua mdudu mbaya na yule nyigu aliyekuwa akimla. Msimu unaofuata mbaya anarudi, askari wetu hayupo. Tunaongeza kipimo. Halafu sukuma wiki inakatwa siku mbili baada ya kupulizwa, inapelekwa sokoni, inaliwa na mtoto wa mwenzako. Hilo si jambo la kilimo peke yake, mpendwa. Ni jambo la upendo kwa jirani.

Aliwaza watu, si majengo tu

Mwaka 1983 ICIPE na vyuo vikuu vya Afrika walianza mpango wa pamoja wa kufundisha vijana hadi shahada ya uzamifu katika elimu ya wadudu. Mwanafunzi anaandikishwa katika chuo cha nchi yake na kufanya utafiti wake kituoni. Mamia wamepitia mikono ya kituo hicho kwa miaka iliyofuata, na wengi wao wanafanya kazi katika vyuo na vituo vya bara hili.

Miaka hiyo hiyo alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa Akademia ya Sayansi ya Afrika, iliyoanza 1985 na kuweka makao yake Nairobi. Yeye akawa rais wake wa kwanza. Mwaka 1987 alipewa Tuzo ya Afrika ya uongozi katika kumaliza njaa, iliyotolewa mara ya kwanza mwaka huo. Aliipokea pamoja na Rais Abdou Diouf wa Senegal. Rais wa nchi na mtu wa wadudu, meza moja. Mithali haijakosea kuhusu mtu mwenye bidii katika kazi yake atasimama mbele ya nani.

Mwaka 1994 akaachia uongozi wa ICIPE. Hans Herren, mtaalamu kutoka Uswisi, akashika usukani. Mzee Odhiambo akaendelea kutetea sayansi ya Afrika mpaka tarehe 26 Mei 2003, alipofariki akiwa na umri wa miaka 72.

Matunda baada yake

Kuna jambo lililoiva Mbita ambalo kila mkulima wa kanisa hili anapaswa kulijua. Katika miaka ya 1990 watafiti wa ICIPE wakiongozwa na Zeyaur Khan, pamoja na wenzao wa kituo cha Rothamsted cha Uingereza, waliunda kilimo kinachoitwa vuta-sukuma. Shida ilikuwa funza anayetoboa bua la mahindi, na pia gugu la striga linalofyonza mizizi.

Katikati ya mistari ya mahindi unapanda desmodiamu, mmea wa jamii ya kunde. Harufu yake inamfukuza nondo mama wa yule funza. Hiyo ndiyo sukuma. Kuzunguka shamba unapanda nepia, hii hii tunayokatia ng'ombe. Harufu yake inamwita nondo aje atage huko. Hiyo ndiyo vuta. Akishataga, nepia hutoa utomvu wa kunata na funza wengi wanafia hapo. Chini ya udongo, mizizi ya desmodiamu hudanganya mbegu za striga zichipue, halafu zinakufa bila kupata mahindi ya kushika. Juu ya hayo unabaki na majani ya ng'ombe, na udongo unapata rutuba. Kiwavi jeshi mpya kutoka Amerika alipoingia nchini mwaka 2017, watafiti wakakuta mashamba ya namna hii yanaumia kidogo kuliko mengine.

Ona sasa. Ni harufu ya majani dhidi ya nondo. Hakuna mtu angejua hayo kama hakungekuwa na mahali ambapo watu wanalipwa kukaa na kuangalia nondo usiku. Mahali hapo palikuwepo kwa sababu mtu mmoja alisisitiza pawepo. Leo tawi la Mbita linaitwa kwa jina lake.

Sisi tunabeba nini?

La kwanza, maombi hayaondoi wajibu wa kujua. Sulemani aliomba hekima, akapewa, na 1 Wafalme 4:33 inatuonyesha hekima hiyo ilifika wapi: kwenye miti, wanyama, ndege, na hata vitambaavyo. Mfalme mzima aliwasomea wadudu. Basi mkristo anayesema nimemkemea mharibifu, halafu hajui kutofautisha mdudu anayekula kahawa yake na yule anayeilinda, hajamaliza sehemu yake. Tukemee, ndiyo. Na Jumatatu tuingie shambani tugeuze majani tuangalie chini yake. Pale Ruiru kuna kituo cha utafiti wa kahawa kilichotupa aina ya Ruiru 11 mwaka 1985, kahawa inayostahimili magonjwa makubwa mawili. Ni jirani yetu. Nenda ukaulize. Kuuliza si upungufu wa imani.

La pili, usidharau kazi ndogo ya mtoto wako. Tukiwa na binti anayesoma sayansi tunamuuliza kama atakuwa daktari. Akisema anasoma wadudu au udongo tunanyamaza, tunaona karo imepotea. Kama wazazi wa Odhiambo wangekuwa na haya ya namna hiyo, nani angejenga Duduville? Mwenye kumtuma mvivu kwa chungu ni Neno lenyewe, na kwenda kwa chungu ni kuinama. Watoto wanaojua kuinama na kuangalia tunao hapa kanisani. Tuwaombee, tuwalipie, tusiwacheke.

La tatu, msaada mara nyingi uko karibu. Kahawa ya Thika iliteseka miaka watu wakitafuta ng'ambo, na nyigu alikuwa Uganda. Odhiambo aliona maabara ya dunia iko hapa hapa kwetu. Wewe unatafuta nini mbali? Kuna ndugu anauza shamba la Gatundu aende nje, na hajawahi kuuliza lile shamba lingetoa nini likitunzwa kwa maarifa. Hatusemi watu wasisafiri; Odhiambo mwenyewe alikwenda Cambridge. Tunasema alirudi, na alipokuwa huko alikuwa akijifunza kwa ajili ya huku.

Kwa ushirika wa nyumbani

Someni Yoeli 1:4 na Mithali 30:24-28 pamoja. Kila mmoja ataje mdudu mmoja anayemsumbua shambani au nyumbani, na aseme anajua nini juu yake. Kama hakuna anayejua, mmoja apewe kazi ya kuuliza afisa wa kilimo na kuleta jibu wiki ijayo. Wenye kupuliza dawa wakumbushane siku za kusubiri kabla ya kuvuna, zilizoandikwa kwenye chupa.

Tuombe

Bwana Mungu, wewe uliyeumba chungu na nzige, tufungue macho tuone ulichotuwekea karibu. Linda mashamba yetu na utupe bidii ya kuyajua. Wabariki wanaofanya utafiti pale Kasarani, Ruiru na Mbita. Wainue watoto wa kanisa hili wawe watu wa kuuliza na kusubiri jibu. Na mikono yetu isipeleke sokoni kitu ambacho hatuwezi kuwalisha watoto wetu wenyewe. Katika jina la Yesu. Amina.